Kabla ya Chomsky, Baba Yake

Ukisoma isimu katika vyuo vyetu, Noam Chomsky, mwanaisimu wa Marekani, humkwepi. Sisi tulimkuta mapema, siku mhadhiri alipochora mti ubaoni: S (sentensi) juu, KN (kikundi nomino) kushoto, KT (kikundi tenzi) kulia, matawi yakishuka mpaka kwenye "mtoto anacheza mpira". Tukakariri, tukajibu mtihani, tukaendelea na maisha. Hakuna aliyetuambia kwamba bwana huyu alianza na Kiebrania. Tasnifu yake ya uzamili, ya mwaka 1951 katika Chuo Kikuu cha Pennsylvania, ilihusu mofofonemiki ya Kiebrania cha kisasa, yaani jinsi sauti zinavyobadilika maneno yanapoundwa. Na nyumba aliyokulia, Philadelphia, ilikuwa nyumba ya walimu wa Kiebrania, baba na mama.

Baba nilimjua baadaye sana, nilipokuwa mwalimu msaidizi wa Kiswahili huko huko Pennsylvania. Kazi yenyewe inajulikana: unapewa darasa la vijana wanaotaka kwenda Zanzibar au Arusha, unaambiwa usitumie Kiingereza, kisha kengele ikilia wanatoka nje na hawasikii tena hata "mambo" mpaka kipindi kijacho. Nilikuwa natafuta maktabani mtu yeyote aliyewahi kufundisha lugha ambayo mtaa hauisemi. Nilitarajia kukutana na Wafaransa, au Waajemi labda. Nikakutana na William Chomsky.

Huyu alizaliwa Ukraine mwaka 1896, wakati huo ikiwa chini ya Tsar. Mwaka 1913 alikimbia asiingizwe jeshini, akatua Baltimore, akafanya kazi ya kiwandani ile ya jasho na ujira mdogo. Kutoka hapo akaanza kufundisha watoto Kiebrania huku mwenyewe akijisomesha, akahamia Philadelphia, na mwaka 1924 akaingia kufundisha Gratz College, chuo cha kufundishia walimu wa Kiyahudi kilichoanzishwa mwaka 1895. Maisha yake ya usomi aliyatoa kwa mtu aliyekufa karne saba kabla yake: David Kimhi wa Narbonne, kusini mwa Ufaransa, mwanasarufi wa Kiebrania wa zama za kati. William aliihariri na kuifafanua sarufi ya Kimhi, na mwanawe akiwa bado mtoto wa shule aliisoma kazi hiyo ikiwa bado rasimu. Ijumaa usiku walisoma pamoja fasihi ya Kiebrania, baba na mtoto.

Noam amewahi kusimulia kwamba alipoanza utafiti wake wa Kiebrania alifanya kama alivyofundishwa: akatafuta mzungumzaji, akakaa naye, akaanza kumuuliza maswali. Baada ya muda akaona anapoteza wakati, kwa sababu majibu yote alikuwa nayo mwenyewe. Nadharia iliyotutesa sote, ile inayodai kwamba ujuzi wa lugha umo kichwani mwa msemaji, ina sababu zake nyingi za kifalsafa na sitazigusa. Lakini nikisoma kisa hicho namwona yule mfanyakazi wa kiwanda cha Baltimore nyuma ya mlango.

Nilipoanza kumfuatilia William niligundua hakuwa peke yake. Alikuwa na kundi zima nyuma yake, walimu na waandishi wa Kiebrania wa Marekani, watu ambao nchi hiyo imewasahau na Israel inawakumbuka kwa nadra.

Kati ya mwaka 1881 na 1924 Wayahudi zaidi ya milioni 2 waliingia Marekani kutoka Urusi, Poland, Romania na majimbo ya Austria. Wengi walisema Kiyidi, lugha ya nyumbani ya Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki. Kiebrania kilikuwa lugha ya sala, ya Torati, ya barua za marabi na mikataba ya ndoa. Mwanamume aliyepita shule ya dini utotoni alikisoma; mwanamke mara nyingi hakufundishwa. Kulikwisha kuwa na magazeti na hata riwaya za Kiebrania huko Ulaya ya Mashariki, lakini hakuna aliyekitumia kumwitia muuza samaki. Sasa hebu wafikirie watu waliovuka bahari na lugha hiyo, wakafika New York ambako Kiyidi kilikuwa na magazeti yake ya kila siku, na Kiingereza kikiwavuta watoto kwa nguvu zote, nao wakasema: hapana, fasihi yetu itakuwa ya Kiebrania, na itaandikwa hapa hapa.

Gazeti la kwanza la Kiebrania Marekani lilitoka New York mwaka 1871. Lilikufa baada ya miaka michache. Yaliyolifuata mengi yalikufa haraka zaidi. Moja lao, Ha-Ivri, liliishi kwa sababu tajiri wa magazeti ya Kiyidi, Kasriel Sarasohn, alilibeba kwa faida ya magazeti yake mengine. Kwa hiyo msomaji wa Kiyidi, aliyedharauliwa na wapenzi wa Kiebrania kuwa anasoma lugha ya jikoni, ndiye aliyelipa bili. Mhariri wa Ha-Ivri, Gershon Rosenzweig, alikuwa mcheshi wa aina yake. Aliandika sura ya uongo ya Talmudi, kile kitabu cha mijadala ya sheria za Kiyahudi, juu ya Amerika, kwa mtindo ule ule wa marabi wakibishana, fulani amesema hivi na fulani amesema vile, ila mada ni machinga, wapangaji na walimu wa New York. Ili ucheke ilikubidi uwe umeijua Talmudi kweli. Hapo ndipo ulipokuwa utamu wake, na hapo hapo ndipo ulipokuwa msiba wake, maana kila meli iliyotia nanga ilileta wacheshi hao wachache pamoja na watoto ambao wasingewaelewa kamwe.

Nampenda sana Judah David Eisenstein. Alikuwa mtengenezaji wa makoti. Mwaka 1880 alikuwa miongoni mwa walioanzisha New York jumuiya ya kukuza lugha ya Kiebrania, mwaka 1891 akaitoa Katiba ya Marekani kwa Kiebrania, kisha akakaa chini na kuandaa ensaiklopidia ya Kiyahudi ya juzuu 10 kwa Kiebrania, iliyokamilika mwaka 1913. Alikufa mwaka 1956 akiwa amepita miaka mia moja. Ile Katiba inanishangaza zaidi ya ensaiklopidia. Nani aliihitaji? Mhamiaji aliyetaka kuielewa angeisoma kwa Kiyidi, na yeye mwenyewe Eisenstein aliitoa kwa Kiyidi pia. Ile ya Kiebrania ilikuwa ni kuionyesha lugha kwamba inaweza, kama bibi harusi anavyoonyeshwa kwa wageni. Sisi nasi tumetafsiri mambo mengi kwa sababu hiyo hiyo, na silaumu.

Naphtali Herz Imber, aliyetunga shairi ambalo leo ni wimbo wa taifa wa Israel, alizurura Marekani akinywa pombe na kuomba fedha kwa marafiki, akafa maskini New York mwaka 1909. Mifupa yake ilipelekwa Jerusalem mwaka 1953.

Na Eliezer Ben-Yehuda, yule tunayesimuliwa kila mara kwamba aliifufua lugha peke yake (hakuifufua peke yake), alikaa New York wakati wa Vita Kuu ya Kwanza akiendelea na kamusi yake. Huyu ana uhusiano na kwetu ambao watu wengi hawaujui. Mwaka 1903 Waingereza walipotaka kuwapa Wazayuni, yaani Wayahudi waliotafuta nchi yao wenyewe, ardhi katika Uasin Gishu, kule ambako leo ni Eldoret, mpango ulioitwa "wa Uganda" ingawa eneo lenyewe lilikwisha hamishiwa upande wa Kenya, Ben-Yehuda aliuunga mkono kwa kelele. Mkutano wa Wazayuni ukaukataa mwaka 1905. Bado nacheka nikifikiri: mzee wa Kiebrania alikuwa tayari lugha yake ikafufukie kwa Wanandi.

Chombo kilichodumu kiliitwa Hadoar, yaani "Posta". Kilizaliwa New York mwaka 1921 kama gazeti la kila siku, na hakikufikisha mwaka. Magazeti ya Kiyidi ya wakati huo yalikuwa ni majitu. Forverts peke yake liliuza nakala zaidi ya 200,000 kwa siku katika miaka ya 1920. Kushindana nalo kwa lugha ya wasomi kulikuwa ni wazimu. Lakini chama cha Kiebrania cha Marekani, Histadruth Ivrith, kikakiokota Hadoar na kukigeuza cha kila wiki, na hapo kikashika. Menachem Ribalow alikihariri miaka karibu 30, mpaka alipofariki mwaka 1953. Chenyewe kiliendelea mpaka mwanzoni mwa karne hii. Gazeti la wiki, la lugha isiyosemwa na mtaa wowote wa nchi hiyo, likaishi takribani miaka 80! Magazeti mangapi ya Kiswahili yaliyoanzishwa na Waswahili wenyewe, ndani ya nchi zinazosema Kiswahili, yamefika umri huo?

Siri yake, kwa jinsi ninavyoisoma historia hiyo, haikuwa ubora wa mashairi. Kilikuwa chombo cha walimu. Mwalimu wa Kiebrania wa Cleveland au Boston, aliyekuwa peke yake katika mji mzima akihangaika na watoto wanaokuja saa tisa mchana wakiwa wamechoka na shule ya serikali, alikipokea kila wiki na kujua kwamba wenzake wapo. Alipata mambo ya kubishania. Na kulikuwa na kurasa za watoto zilizochapwa kwa irabu kamili. Msomaji wa pwani ataelewa hapa bila kuelezwa, maana Kiebrania, sawa na Kiarabu, huandikwa konsonanti, na alama za irabu huwekewa anayeanza. Mtoto wa madrasa anajua tofauti ya ukurasa wenye fataha na kasra zake zote na kitabu cha mkubwa kilichoachwa uchi. Gazeti linalojibebesha gharama na taabu ya kupanga nukta zote hizo, moja moja, chini na juu ya kila herufi, limekubali kwamba msomaji wake bado hajawa tayari, na limeamua kumfuata alipo.

Katika kurasa za Hadoar alitawala mtu mmoja anayeitwa Daniel Persky, mzaliwa wa Minsk aliyefika Marekani mwaka 1906. Kadi yake ya biashara ilitangaza kwamba yeye ni mtumwa wa Kiebrania milele. Aliandika safu za sarufi, akakosoa makosa ya watu, akatunga habari za watoto, akafundisha vizazi katika chuo cha walimu cha Herzliah cha New York, akajenga urafiki na kila aliyeweza kutamka sentensi tatu. Washairi walimwona mwepesi. Nadhani walimhitaji kuliko walivyokubali. Kila lugha ina Persky wake, yule mzee anayekusimamisha barabarani kukwambia kwamba umesema "kitu ambacho" mahali pa "kitu kilicho". Tunamkimbia, kisha akifa tunaona pengo.

Washairi sasa. Hawa walikuwa na tamaa kubwa kabisa: kuiandika Amerika kwa Kiebrania. Na cha ajabu, wengi hawakuanza na maghorofa wala viwanda walimofanyia kazi. Walianza na wenyeji wa asili wa bara hilo. Benjamin Nahum Silkiner alitoa utenzi wake juu yao mwaka 1910. Israel Efros akafuata mwaka 1933. Ephraim Lisitzky akatoa wake, "Mioto Inayozimika", mwaka 1937, katika mapigo yale yale ya mshairi wa Kimarekani Longfellow katika "Hiawatha", mistari ya silabi nane isiyo na vina. Mizani nane! Mtu wetu yeyote aliyelelewa na tenzi angeisikia mara moja, ingawa angelalamika kwamba vina vimekwenda wapi. Walikuwa wakimwombolezea mwingine aliyenyang'anywa nchi na lugha, na si vigumu kukisia walikuwa wakijililia nani.

Lisitzky ndiye ninayemrudia mara nyingi. Alizaliwa Minsk mwaka 1885, akafika Boston akiwa na miaka 15 kumfuata baba yake, aliyekuwa akipita mitaani kukusanya matambara. Akatangatanga mpaka Kanada na kurudi, na kuanzia mwaka 1918 akatulia New Orleans, akiongoza shule ya Kiebrania mpaka uzeeni. New Orleans! Mbali na New York, mbali na magazeti, mbali na mabishano ya mikahawani. Akiwa huko akasikiliza. Mwaka 1953 akachapa kitabu cha mashairi kiitwacho "Katika Mahema ya Kushi", juu ya Wamarekani weusi, akichota kutoka nyimbo zao za kiroho, visa vyao na mahubiri yao.

Hebu tulia hapa kidogo. Kisa cha Musa na Farao kiliandikwa kwa Kiebrania. Kikasafiri kupitia tafsiri mpaka kwenye Biblia ya Kiingereza. Watumwa wa Kusini ya Marekani wakakichukua wakakifanya chao, Farao akawa bwana shamba, Yordani ukawa mto wa kuvukia kwenda kwenye uhuru, na wakakiimba kwa namna ambayo dunia nzima imeisikia. Kisha mwalimu mmoja aliyetoka Minsk, katika mji ambao weusi na weupe hawakuruhusiwa kukaa benchi moja la shule, anakisikia kikiimbwa na kukirudisha kwenye Kiebrania kikiwa na jasho la miwa na pamba. Sijui safari ndefu kuliko hiyo katika fasihi.

Lakini nani alikisoma? Walioimba nyimbo hizo hawakujua Kiebrania na hawakuwa na sababu ya kukijua. Wayahudi wa New Orleans wengi walisoma Kiingereza. Wasomaji wa Israel walikuwa na vita vyao na ujenzi wao, na Amerika ya Lisitzky iliwafika kama barua iliyoandikiwa mtu mwingine. Mwaka mmoja baadaye Mahakama Kuu ya Marekani ingeamua kwamba kutenganisha shule kwa rangi ni kinyume cha Katiba, na kitabu hiki, ambacho kingekuwa na la kusema katika mjadala huo, kilikuwa kimefungiwa ndani ya hati ambayo pengine watu elfu chache tu nchi nzima wangeweza kuifurahia. Hili linanikasirisha kidogo, sitaficha. Naona kuna kiburi ndani yake. Waandishi hawa waling'ang'ania Kiebrania cha juu, kilichojaa mwangwi wa Isaya na Ayubu, wakati watoto waliokuwa wakiwafundisha mchana walihitaji sentensi ya kuombea maji ya kunywa. Mtu huyo huyo mmoja alikuwa mwalimu saa tisa na mshairi saa tatu usiku, na wawili hao hawakusalimiana.

Na wanawake? Washairi wanawake walihesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Anne Kleiman na Annabelle Farmelant ndio wanaotajwa zaidi. Wazazi waliokuwa hawaoni haja ya kumfundisha binti maandiko walikuwa wameshaamua nusu ya jambo hilo mapema. Upande wa ualimu hali ilikuwa tofauti. Mama yake Noam, Elsie, alifundisha Kiebrania sawa na mumewe, na shule nyingi zilisimama juu ya mabega ya kina mama kama yeye.

Mimi niko upande wa walimu, nimeshasema kwa namna fulani. Kabla yao mtoto alifundishwa Kiebrania kwa kukitafsiri neno kwa neno kwenda Kiyidi, kwa wimbo, mpaka akariri bila kuelewa. Samson Benderly aliivunja desturi hiyo. Alizaliwa Safed, Galilaya, akaja Baltimore kusomea udaktari, akauacha udaktari, na mwaka 1910 akapewa ofisi mpya ya elimu ya Kiyahudi ya New York. Njia yake iliitwa Kiebrania kwa Kiebrania. Onyesha, tenda, imba, usitafsiri. Alileta picha, michezo ya kuigiza, akafundisha kundi la vijana waliokuja kuongoza shule nchi nzima. Mwaka 1930 Kiebrania kikaingia hata katika shule za sekondari za serikali za New York, kuanzia na mbili za Brooklyn, Abraham Lincoln na Thomas Jefferson, kikikaa kwenye ratiba pamoja na Kifaransa na Kilatini. Kwa mtoto wa mhamiaji hilo halikuwa dogo. Lugha ambayo baba yake anaisalia sasa ina alama kwenye ripoti.

Lililonigusa kuliko yote ni kambi. Mwaka 1941 Shlomo Shulsinger alianzisha Massad, kambi ya likizo ambayo baadaye ilihamia milima ya Pocono, Pennsylvania, na kuishi mpaka mwaka 1981. Sheria ilikuwa moja: hapa ni Kiebrania. Bwenini, mezani, majini, jukwaani. Na uwanjani, kwa sababu watoto wa Kimarekani bila besiboli wangegoma. Sasa Biblia haina besiboli. Isaya hakuwahi kumtoa mtu nje baada ya kukosa mpira mara tatu. Ikabidi wabuni msamiati wa mchezo mzima, mrushaji, mpigaji, mdakaji, kosa, mbio, na kambi ikawa na kamusi yake. Fikiria mvulana wa Brooklyn mwenye miaka kumi na moja, jasho na vumbi, anabishana na mwamuzi kwa Kiebrania kwa sababu anaamini ameonewa. Hafikirii kabisa kwamba anakuza fasihi. Ana hasira tu, na hasira yake imepata maneno. Noam Chomsky naye alipita Massad ujanani, akiwa miongoni mwa waangalizi wa vijana.

Tangu niisome habari hiyo nimebadilisha ninavyowajibu Waswahili wa ughaibuni wanaoniandikia. Hutoka Minneapolis, Reading, Muscat, na ombi ni lile lile: mtoto anaelewa Kiswahili ila anajibu Kiingereza, nimnunulie kitabu gani? Zamani nilituma orodha, ndefu, yenye tenzi ndani yake. Siku hizi nauliza kwanza kama kuna watoto wengine watano wa kucheza nao Jumamosi, na kama kuna kijana mmoja wa umri wa kaka anayejua kutania kwa Kiswahili. Kama wapo, kitabu tutakitafuta. Kama hawapo, kitabu kitakaa sebuleni karibu na maua ya plastiki. Baadhi ya wazazi wamechukia jibu langu. Mmoja, mama wa Kitanga, aliniambia ana kitu bora kuliko kaka: ana bibi kwenye simu, mkali, asiyejua Kiingereza hata kidogo. Nikanyamaza. Amenishinda.

Mwaka 1924 Marekani ilifunga mlango kwa sheria ya uhamiaji iliyoweka idadi ndogo kwa watu wa Ulaya ya Mashariki. Kwa fasihi ya Kiebrania ya huko, hilo lilikuwa pigo la kimya kimya. Waandishi wake wote wakubwa walizaliwa ng'ambo na kuja na lugha yao kutoka huko. Shule za Marekani zilitoa wasomaji wazuri, walimu wazuri, wanazuoni wa daraja la kwanza. Harry Wolfson, aliyekuwa akitunga mashairi ya Kiebrania ujanani, alipewa mwaka 1925 kiti cha kwanza cha taaluma za Kiyahudi katika Harvard. Washairi ziliwatoa wachache mno. Kisha ikaja mwaka 1948, na Kiebrania kikawa na dola, jeshi, matusi na watoto wake. Simon Halkin akahamia Jerusalem mwaka 1949, na huko akamtoa Walt Whitman kwa Kiebrania. Efros naye akaenda. Waliobaki walijikuta wakiandika lugha iliyowaacha nyuma kwa kasi, kama mtu aliyeondoka Mombasa mwaka 1960 anayerudi leo na kukuta vijana wa matatu wanasema vitu asivyovielewa.

Isipokuwa mmoja. Gabriel Preil alizaliwa Tartu, Estonia, mwaka 1911, akaletwa Marekani mwaka 1922, akaishi Bronx maisha yake yote. Akatunga kwa Kiyidi na Kiebrania. Hakuandika tenzi za wapiganaji wala manabii. Aliandika kahawa, dirisha, theluji ya mtaani, mzee anayetembea, kwa ushairi huru na sauti ya chini. Na ni huyu ndiye washairi vijana wa Israel walikuja kumpenda, wakachapa vitabu vyake, wakamwalika. Walikuwa wamechoka na ngurumo. Alifariki mwaka 1993 akiwa Jerusalem, kwenye ziara, na wengi humtaja kuwa wa mwisho. Kwangu huyu ndiye aliyeukata mzizi wa fitina: hakuna aliyekuwa mbali na Kiebrania cha mtaani kuliko mzee wa Bronx, na bado alikuwa karibu zaidi ya wote waliojaribu kukipamba.

Nimebakiza Ephraim Deinard, ambaye kimsingi alikuwa mfanyabiashara. Mzaliwa wa Latvia, mkorofi, aligombana na Wahasidi, na Wakabbala, na Wakristo, na Wakomunisti, na karibu kila aliyesaini jina lake chini ya makala. Lakini alikuwa na pua ya vitabu. Alizunguka Ulaya na Mashariki ya Kati akinunua miswada na vitabu vya Kiebrania ambavyo wenyewe hawakujua thamani yake, akavileta New Jersey. Mwaka 1912 mwenye benki tajiri mmoja, Jacob Schiff, alinunua mkusanyiko wake wa karibu vitabu 10,000 na kuutoa zawadi kwa Maktaba ya Bunge la Marekani, Washington. Ndivyo sehemu ya Kiebrania ya maktaba hiyo ilivyoanza. Kwa mikono ya Deinard huyo huyo iliingia pia Hagada ya Washington, mswada wa Pasaka wenye michoro, ulioandikwa mwaka 1478. Na mwaka 1926, akiwa na miaka 80, Deinard alichapa orodha ya vitabu vya Kiebrania vilivyotoka Amerika tangu mwaka 1735, ili asije mtu akasema havikuwepo.

Sehemu hiyo ya Kiebrania leo iko chini ya Idara ya Afrika na Mashariki ya Kati, jengo la Jefferson. Vitabu vyetu viko idara hiyo hiyo. Maktaba ya Bunge ina ofisi Nairobi ambayo tangu miaka ya 1960 inanunua machapisho ya Afrika Mashariki, riwaya za Kiswahili, magazeti, vijitabu vya vyama, hata vile ambavyo mwandishi wake mwenyewe hana tena nakala, na kuvipeleka huko. Mwenye miaka 16 na kuendelea anapewa kadi bure, anakaa chumba kimoja cha kusomea, anaweza kuagiza kitabu cha Deinard na diwani ya Shaaban Robert kwa pamoja. Deinard alikuwa na Schiff. Bili ya vya kwetu analipa mlipa kodi wa Marekani.